Chupa Mbili za Mwalimu Tamar

Ijumaa hii, tarehe 28 Novemba, Mwalimu Tamar Komora anastaafu baada ya miaka thelathini na mitatu ya kufundisha sayansi shuleni kwetu, hapa Garsen.

Shule haikuwa na maabara, kwa hiyo aliibeba yake kwenye kikapu: ndimu, magadi, chumvi, mayai, chupa tupu. Yai lililozama kwenye maji matupu lilielea kwenye maji ya chumvi. Mimi, mwalimu mkuu wake wakati huo, niliwahi kuyanywa maji hayo ya yai kwa kiu mbele ya mkaguzi. Darasa lilicheka mpaka mkaguzi akaweka kalamu chini.

Jaribio lake kubwa lilitokana na ugomvi. Msimu wa mafuriko, Valary, binti wa wakulima, alimwambia Hirbo, mtoto wa wafugaji, kwamba kwao wanakunywa mkojo wa ng'ombe.

“Na nyinyi mnakunywa tope la shamba zima,” Hirbo akamjibu.

Mwalimu Tamar hakumchapa mtu. Alimtuma kila mmoja akachote maji ya mto upande wa kwao, akatia shabu kidogo, ile dawa ya kutuliza tope, katika kila chupa, akakoroga, wakasubiri. Maji yalipokuwa meupe, alizibadilisha chupa nafasi, akauliza ya nani ni yapi. Hakuna aliyejua.

“Tope halijaenda popote,” aliwaambia. “Limekaa chini tu. Ukitikisa, linarudi. Na kabla ya kunywa, myachemshe.”

Watoto walilipeleka somo nyumbani. Mafuriko yaliyofuata, wagonjwa wa kuhara walipungua, na maafisa wakaja na cheti cha pongezi. Waliuliza wazo lilikuwa la nani. Nilisema ni langu. Mwalimu Tamar alikuwa amesimama mlangoni na kikapu chake, akasikia. Kesho yake aliingia darasani kama kawaida.

Cheti hicho kimetundikwa sebuleni kwangu miaka kumi na tisa. Sasa mapafu yangu yamechoka, na daktari hazungumzi nami tena habari za mwaka ujao. Sitaki kuondoka na kitu cha mtu. Mjukuu wangu Rachael atakukabidhi cheti siku ya sherehe, Mwalimu. Nimelikata jina langu kwa kalamu nyekundu, nikaandika lako.

Shule inakushukuru, nami nakuomba radhi. Ukapumzike kule Wenje kwa afya na furaha, ukizungukwa na wajukuu wenye maswali mengi. Chupa nimeitikisa mwenyewe.

Martin Kiti
Mwalimu mkuu mstaafu