Kibao cha Des Hartle

Benchi letu liko Morecambe, mji wa pwani Uingereza, pale ukuta wa pwani unapopinda. Maji yakikupwa huoni bahari, unaona tope mpaka macho yachoke. Alasiri tunakaa watatu: mimi, Redio, ambaye jina lake ni Clifford lakini hajawahi kuzimwa, na Askofu, aliyekaanga samaki maisha yake yote na kanisani huingia mvua ikinyesha. Siku ile Glenys alikuja na chupa ya chai. Mumewe, Des Hartle, tulimzika wakati wa baridi, na huku kwetu marehemu hununuliwa benchi, likapigwa kibao cha shaba chenye jina lake. Benchi la Des lilishafika, jipya, kando ya letu. Kibao ndicho kilichobaki, na fundi wa kuchonga alitaka maneno kabla hajafunga duka.

— Chini ya jina pana nafasi ya neno moja au mawili, Glenys alisema. Niandike mpiga besi, au mwigizaji?

Redio: Mwigizaji. Nani hamjui Daktari Crake? Kila Jumapili, kwenye televisheni, nchi nzima inamtazama daktari wa mifugo, mkono umo ndani ya ng'ombe.

Mimi: Ng'ombe wa mpira.

Redio: Wa mpira, lakini watu walimsimamisha njiani awatazamie mbwa. Mama mmoja alimletea kobe aliyegoma kula.

Glenys: Des akamwambia ampe stroberi. Kobe akala.

Askofu: Sasa huyo si daktari, jamani?

Glenys: Lakini akiulizwa kazi yake, alijibu gitaa la besi. Mpaka mwisho.

Askofu: Besi aliiacha mwenyewe. Miavuli ilikuwa bendi kubwa, kila nyumba inaiimba, yeye akateremka kwenye jukwaa akaenda kupimia ng'ombe homa. Wahenga walisema, ukipenda boga penda na ua lake.

Mimi: Boga limeingiaje hapa?

Askofu: Linaingia popote.

Redio: Hakuacha, alisukumwa. Mwimbaji alimwonea wivu wa sura. Tazama picha zao: Des kila mara yuko nyuma, amezibwa na ngoma.

Askofu: Hamjui kitu. Des alichukuliwa kwa ajili ya sura tu. Alikuwa akiigiza tangu siku ya kwanza. Besi ilipigwa na mzee mmoja wa Wigan, nyuma ya pazia.

Redio: Hata mimi nilisikia. Mwenye kengeza. Ndiyo maana wakamficha.

Dakika moja nyuma mzee huyo hakuwapo duniani. Sasa ana kengeza. Nikamtazama Glenys. Alikuwa ameweka kikombe chini.

Glenys: Alikuwa akipigia jikoni, bila umeme. Mimi namenya viazi, yeye anapiga.

Askofu: Jikoni hata mimi napiga. Masufuria.

Mimi: Askofu, Mungu alikupa mdomo akasahau kifuniko.

Akapita mama mmoja na mbwa, mgeni, amehamia majuzi mtaa wa nyuma. Mbwa alikaa chini akakataa kwenda, basi naye akasimama kutusikiliza. Akauliza ni wimbo gani uliowatoa hao Miavuli. Tukamwimbia. Redio kaweka mkono kifuani, Askofu hakukosea hata neno.

— Huyo ni mwimbaji, yule mama akasema. Na besi ya marehemu ilikwendaje?

Redio akafungua kinywa, akatoka mwimbaji. Askofu akajaribu kwa midomo, dum, dum, ikawa ngoma. Mimi sikujaribu. Glenys akagonga ubao wa benchi kwa vidole viwili, akapotea, akaanzia mahali pengine, akapotea tena.

— Ilikuwa inaanzia chini, akasema. Halafu inangoja kidogo. Halafu...

Mbwa akainuka, mgeni akatuaga akaenda zake.

Redio: Fundi anafunga, Glenys. Andika mwigizaji, yaishe.

Glenys: Na afunge. Nakwenda nyumbani kuweka santuri ya Miavuli. Maneno atayapata nikishaisikia.

Askofu: Na ikiwa ni yule wa Wigan?

Glenys: Nitamjua mume wangu.

Akaenda, kiatu kimoja hakijafungwa vizuri, chupa ameisahau. Askofu akaitikisa: tupu. Tukabaki watatu tunautazama ubao wa benchi jipya, na kila mmoja anaijaribu besi ya Des kimoyomoyo. Nilijua wanajaribu kwa sababu hata Redio alinyamaza. Lakini kila nikianza, mwimbaji ananiwahi.