Mahindi Tuliyoyapaka Rangi

Wazazi wenzangu, nawasalimu nyote kwa heshima ya Mungu aliyetukutanisha. Mimi si mtu wa kusimama mbele ya watu. Mwenyekiti aliniambia, "Mama, Jumamosi tunaongea juu ya vile mtoto anajua hii ni nzuri na hii ni mbaya. Wewe uje utuambie yako." Nikamwuliza, kwa nini mimi? Akaangalia chini. Wengi wenu mnajua ni kwa nini. Kwa wale hawajui, nitaanza mwanzo, na majina ya watu nitayaacha.

Nimezaliwa upande wa Bungoma, nikaolewa huku Kitale. Mume wangu alipofariki aliniachia msichana wa miaka minane na duka dogo la mbegu na dawa za mifugo kule Kachibora. Kuna bwana mmoja alianza kuniletea mbegu za mahindi. Paketi zake zilikuwa nzuri, na bei ilikuwa chini kidogo kuliko ya wengine. Mtu wa duka anajua hiyo tofauti inatoka mahali. Mimi sikuuliza. Swali nililiona, nikalizunguka vile mtu anazunguka matope.

Mwaka uliofuata, kabla ya mvua ya kupanda, yule bwana alikuja na magunia ya mahindi ya kula. Mahindi ya ugali, jamani. Akashusha na mkebe wa rangi ya ungaunga, ya kuyafanya yafanane na mbegu yenye dawa, na maboksi ya paketi tupu zilizochapishwa vizuri kabisa. Nikamwambia hiyo siwezi. Akacheka.

"Mama, kwani mwaka jana uliuza nini? Ilikuwa hii hii."

Akanyooshea kidole cheti cha duka ukutani.

"Na leseni iko kwa jina la nani? Si ni lako? Mimi ni mtu wa kupita tu."

Siku hiyo ndiyo nilifungiwa. Hakuna aliyenifunga kamba, lakini nilikuwa nimefungwa. Nikikataa, anasema ya mwaka jana. Nikikubali, naongeza ya mwaka huu. Kila pikipiki ikisimama nje nilidhani ni yeye, na kama si yeye nilidhani ni polisi. Tuliyapaka yale mahindi rangi kule stoo, nyuma ya duka, tukayaanika, tukayafunga kwa paketi.

Msichana wangu alikuwa ametoka shule. Akasimama mlangoni na begi mgongoni.

"Mama, kwa nini mnapaka mahindi rangi?"

"Ni dawa ya wadudu. Na usiambie mtu, hiyo ni siri ya duka."

Akafurahi. Mtoto akipewa siri na mama yake anajiona amekuwa mkubwa. Akaweka begi chini, akaanza kunipangia paketi kumi kumi, huku anaimba. Ndugu zangu, nawaambia, ule wimbo bado nausikia.

Kulikuwa na jirani yetu, mama mzee anayelea mjukuu wake wa kike. Huyo mjukuu alikuwa darasa moja na wangu. Yule mama alikuwa amekodi ekari moja tu. Akanunua mbegu kwangu, akanishukuru hata, akasema ananunua kwangu kwa sababu ananijua. Mvua ikaja, wote wakapanda. Shamba la mama mzee likaota kama nywele za mtu mgonjwa, hapa mbili, pale hakuna. Na yale yaliyoota yakabaki mafupi, rangi ya majani kavu.

Alikuja dukani asubuhi moja na paketi tupu mkononi. Alikuwa amekasirika, lakini kwa adabu, vile watu wazima wanakasirika. "Mama Nanii, hii mbegu yako iko na nini?"

Nikaanza: mvua ilichelewa, labda mbolea iligusa mbegu, labda ulipanda chini sana. Na hapo msichana wangu, aliyekuwa amekaa kwa kiti cha kaunta akifanya homework, akainua kichwa, akamwita kukhu, yaani nyanya kwa lugha ya kwetu, akasema polepole, macho makavu:

"Kukhu, sisi pia tulipanda hiyo hiyo na ikaota vizuri."

Sisi hatukuwa na shamba. Hakuna mtu alimtuma. Yule mama alimtazama mtoto, akatazama mikono yake mwenyewe, akaenda. Mtoto akanigeukia kuona kama amefanya vizuri.

Nikampa mandazi.

Msinicheke, na msinihurumie bado. Nilimpa mandazi mawili, na nilikuwa nashukuru kweli.

Muhula wa pili nikaitwa shule. Kioo cha ofisi kilikuwa kimevunjwa na jiwe, na msichana wangu alikuwa amesema amemwona aliyerusha: mjukuu wa yule mama mzee. Mtoto wa watu alikuwa amenyang'anywa ukiranja wa darasa, na anakaa dawati la peke yake karibu na mlango. Mwalimu alikuwa ananiita kunipongeza. "Wako anaongea bila kubabaika," akasema. "Huyu mmemlea." Wakamleta aseme tena mbele yangu. Akasema polepole, macho makavu. Ule uso niliujua. Nilikuwa nimeununua kwa mandazi.

Nilijua palepale jiwe alilirusha wangu mwenyewe. Na nilifanya nini? Nilisema, "Asante, mwalimu." Ningesema nini? Kama ningeanza kuvuta huo uzi, ungefika stoo.

Nyumbani nilimfungia chumbani, nikachukua mwiko. "Kwa nini ulidanganya?"

Hakulia. Alinishangaa. "Mama, mtu akikuja amekasirika, si unasema kitu ya kumfanya aende?"

Mkono ukabaki juu na mwiko. Nilitaka kumpiga, na sikuona mahali pa kumpiga ambapo singekuwa najipiga. Nikaushusha. Nikaenda kupika, tukala, tukalala. Miezi ikaenda hivyo. Mtoto anaongea uongo mdogo mdogo, ameoga hajaoga, amesoma hajasoma, na mimi kila mara nafungua mdomo kumkanya, naufunga. Kanisani nilikuwa namsukuma kwa Sunday School mbele ya wote, nikiomba mwalimu wa huko amrekebishe. Alikuwa anajua amri zote kumi. Anazisema kwa kichwa bila kukosea.

Msimu wa kupanda ukarudi. Mama yangu mzazi akanipigia simu kutoka Bungoma. "Wewe si uko na duka? Niletee mbegu." Nilienda mjini Kitale kwa duka la mtu mwingine, nikanunua mbegu halisi, nikachukua mtoto, tukaenda.

Asubuhi tuko shambani. Mama yangu anachimba mashimo, mimi naweka mbolea, mtoto anaweka mbegu mbili mbili. Jua zuri, hewa ya mlima. Nilikuwa nimeanza kusahau. Mama akapasua paketi ya pili, akaikunjia uso kidogo, vile wakulima wanafanya na kitu cha dukani. Na msichana wangu, kwa upendo kabisa, kumtoa kukhu wake wasiwasi, akasema:

"Kukhu, hii usiogope. Hii ni ya ukweli. Hatukupaka rangi sisi."

Mama yangu ni mtu wa maneno mengi, anaongea hata na kuku. Hapo alisimama na jembe hewani. "Na zile mnapaka rangi ni za nani?"

"Za watu," mtoto akasema.

Mama hakunitazama. Akamwinamia mtoto. "Na wewe unaonaje? Hiyo ni sawa?"

Msichana wangu akafikiria. Naapa alifikiria kweli, akakunja uso. Kisha akasema, "Sijui. Mama ndiye anajua."

Wazazi, hapo ndipo nilianguka. Nilikaa kwa udongo na nguo zangu za safari. Kumbe miaka yote mtoto hakuwa na shida ya kutofautisha. Alikuwa ananingoja mimi. Alikuwa amenikabidhi hiyo kazi yote, na mimi nilikuwa nimeiweka stoo pamoja na magunia.

Mama yangu aliokota paketi akanirudishia mkononi. "Shamba langu halitakuwa mahali pa kujificha. Nitapanda ile nilikuwa nayo ya mwaka jana. Wewe enda umalize yako. Na uende naye, aone."

Tukarudi siku hiyo hiyo. Kesho yake asubuhi nilimshika mtoto mkono tukaenda kwa yule mama mzee. Alikuwa anachambua maharagwe. Nilisimama, sikukaa, nikamwambia yote, na mtoto anasikia kila neno. Aliendelea kuchambua, kisha akaniuliza, "Unajua mwaka mzima nililaumu mikono yangu? Nilisema nimezeeka, sijui kupanda tena." Halafu akasema, "Enda." Hakuongeza kitu.

Tukaenda shule. Hapo nilimwachia mwenyewe. Alisema yote mbele ya mwalimu na mbele ya yule msichana mwenzake. Huyo mwenzake alimsukuma huku analia. Sikuingilia. Wa tatu alikuwa chifu, na baada ya chifu afisa wa kilimo, na baada ya hapo, korti. Yule bwana wa magunia alikuwa ameshatoroka. Wengine husema yuko ng'ambo ya mpaka, pale Lwakhakha, mimi sijui. Duka lilifungwa, na mimi nikapewa kazi ya jamii miezi sita, kufagia na kufyeka uwanja wa chifu. Watoto wa shule walikuwa wanapita hapo. Siku moja mmoja wao akauliza kwa sauti, "Huyo mwenye fagio ni nani?" Msichana wangu akajibu, "Ni mama yangu. Aliuza mbegu mbaya, akasema mwenyewe." Kisha akanipungia mkono. Niliendelea kufagia, lakini vumbi sikuliona vizuri.

Ekari ya yule mama nilimpandia mwenyewe msimu uliofuata, nikapalilia mara mbili, na mtoto wangu na mjukuu wake wakiwa kwa mistari. Kama amenisamehe, hajasema. Ananisalimia. Mwezi wa nane alituletea mahindi mabichi ya kuchoma, akaweka mlangoni akaenda.

Namshukuru yeye kwanza. Namshukuru mama yangu, aliyeuliza mtoto kabla ya kuniuliza mimi. Namshukuru mwalimu, na nyinyi mlionipa kiti hapa wakati sokoni watu walinipa mgongo. Kama kuna kitu nimejifunza cha kuwapa, ni hiki: mtoto anasoma mema na mabaya saa ile tuko kwa shida, akitazama tutatokea wapi. Na tukikosea, asione tumeficha. Aone tumerudi.

Sijamaliza shule hiyo. Leo asubuhi mwenyekiti alinipigia simu, nikamwambia, "Niko njiani, nimefika hapo stendi." Nilikuwa na taulo. Nikageuka, msichana wangu amesimama na kikombe cha chai, ananitazama tu. Ana miaka kumi na miwili sasa.

Mwenyekiti, si unakumbuka nilikupigia tena? Nilisema, "Samahani, bado niko nyumbani, nitachelewa." Uliuliza kwa nini nimepiga simu kusema hivyo. Sababu yenyewe ndiyo hiyo imekaa benchi ya nyuma, amevaa sweta ya kijani.