Mzee Suluhu Anaondoka na Benchi Lake

Tarehe thelathini mwezi huu, saa ya kufunga ofisi, karani mkuu wa mahakama yetu atakabidhi funguo za masijala baada ya miaka thelathini na minne kazini. Jina lake limo kwenye barua ya kustaafu. Sisi wa ofisi ya mashtaka tunamwita Mzee Suluhu, na jina hilo limetutoa jasho.

Alianza kama tarishi, akapanda ngazi kwa mwandiko mzuri na kwa kutogombana na yeyote. Alipofika ukarani mkuu ndipo kipaji chake kilipochanua: kupatanisha mume na mke kabla hakimu hajaketi. Chombo chake cha kazi kilikuwa benchi fupi la kwenye korido, linalotosha mtu mmoja na nusu. Aliwabana hapo mlalamikaji na mshtakiwa bega kwa bega, akawaletea maji katika bilauri moja, kisha akaanza: mama, huyu si ndiye baba watoto? Vyombo vikikaa pamoja havikosi kugongana. Hakimu akiketi, mke anaomba kesi ya kupigwa iondolewe, hakimu anaridhia, na sisi tuliohangaika kutafuta mashahidi wiki nzima tunabaki kuwaomba radhi.

Wapo waliopatana kweli, tusimnyime haki yake. Siku moja hata alimpatanisha mke wa kesi ya pili na mume wa kesi ya tano. Hao ndio walioelewana upesi kuliko wote. Lakini tulipiga hesabu: katika kila wanandoa kumi walioinuka kwenye benchi lile, wanne walirudi, mke akiwa na bandeji kubwa zaidi. Mzee aliwapatanisha tena na kuwahesabu upya, ndiyo maana takwimu zake zilipendeza.

Mwaka juzi akaja dada mmoja fundi cherehani, aliyekwisha kuketi hapo mara mbili. Safari hii mumewe alikuwa amemvunja kidole cha kushikia mkasi. Kesi ikifutwa tena, angerudi nyumba ileile na vidole vilivyobaki. Mzee akaleta bilauri, akaanza kumsifu mume.

Dada hakuigusa. Akasema, korido nzima ikisikia, kwamba yuko tayari kusamehe. Ila kwa kuwa Mzee amemsifu sana huyu bwana, basi amdhamini yeye mwenyewe na akae naye kwake mwezi mmoja. Mama wa nyumba hiyo akimsifu pia, kesi ataiondoa. Askari wa zamu alicheka mpaka kofia ikamdondoka. Jioni Mzee akatia saini dhamana, akaondoka na bwana yule.

Wiki ya pili aliingia kazini na miwani iliyoungwa kwa gundi. Kumbe chakula kilichelewa, mgeni akamrushia mama wa nyumba sufuria, Mzee akajitia katikati. Alikuja kwetu moja kwa moja bila salamu: kesi ya fundi isikilizwe hadi mwisho, na yake ifunguliwe leo leo. Tukamtania, Mzee, benchi liko wazi, keti naye kwanza mnywe maji. Kwa mara ya kwanza katika utumishi wake uliotukuka, alitutukana.

Kesi zote mbili zilisikilizwa. Fundi alitoa ushahidi bila kukatizwa, Mzee akatoa miwani yake kuwa kielelezo, na bwana yule akafungwa. Tangu hapo wanandoa wakifika, Mzee alimwacha mume benchini, akampeleka mke upande wa pili wa ua, akamuuliza anataka nini, kisha akanyamaza kusubiri jibu. Waliofuta kesi walipungua sana. Waliozifuta, hatujawaona tena.

Suti atakayoivaa siku ya kumuaga imeshonwa na fundi huyo. Kidole kimepinda kidogo, mshono umenyooka.

Zawadi yetu ni lile benchi. Mkewe ameshatuonyesha pa kuliweka: nje.

Ahsante kwa kazi, Mzee, hasa ya miaka hii miwili. Tunakutakia maisha mema na nyumba tulivu. Na siku mkikorofishana na mama, usikimbilie bilauri: muulize anataka nini, kisha subiri.