Mwalimu Évariste Lukumani na Dini ya Nchi ya Sumbelo

Ndugu, majirani na rafiki mliokusanyika katika uwanja huu wa Mangobo leo Jumamosi tarehe 16 Julai 1983, historia hii inasomwa kwa jina la familia, na kabla haijaanza katekista Hubert ameuliza jambo moja kwa niaba ya parokia, tena kwa adabu: Évariste Lukumani amekufa katika dini gani, kwa maana kama si Mkatoliki hatazikwa katika sehemu ya parokia, kando ya mwanawe Arthur, mahali ambapo mjane wake, Mama Berthe, anataka kulala naye siku yake itakapofika. Jibu litatoka, na halitapambwa.

Marehemu alizaliwa Isangi tarehe 9 Aprili 1932, mtoto wa pili wa Papa Amuri, mchuuzi wa samaki wakavu aliyetoka Maniema, na Mama Georgette, binti wa mtoni, akabatizwa mwaka uleule, akasoma kwa mapadri hapohapo Isangi, kisha akaingia shule ya ualimu hapa mjini, alikopata diploma tarehe 30 Juni 1951 pamoja na tabia ya kusahihisha watu katikati ya maneno yao, ambayo wote mnaikumbuka na wachache wataililia. Septemba ya mwaka huo alianza kazi katika shule ya msingi ya Mangobo, akafundisha jiografia hadi ugonjwa ulipomzuia, na hakupanda cheo hata mara moja, si kwa unyenyekevu, bali kwa sababu wakaguzi walimuuliza maoni yake naye akawapa.

Tarehe 3 Agosti 1957 alifunga ndoa na Berthe, binti wa wavuvi wa Wagenia, wakazaa watoto watano, wanne mnawaona hapa, na Arthur alifariki kwa surua tarehe 11 Februari 1966 akiwa na miaka minne. Mwaka 1972 marehemu aliacha jina la Évariste kama sheria iliyokataza majina ya Kizungu ilivyotaka, yaani aliliacha kwenye karatasi, maana Mama Berthe aliendelea kuliita kutoka jikoni na avenue nzima ikasikia.

Sasa tufike kwenye dini. Mwanzoni mwa 1975 somo la dini lilikuwa limeondolewa mashuleni, kitabu cha kulijaza pengo kilikuwa hakijafika, saa ya Jumanne ikabaki tupu mbele ya watoto thelathini na saba wa darasa la tano, na mwalimu, ambaye hakuweza kuvumilia saa tupu, akachora ubaoni nchi ya Sumbelo, yenye miezi miwili angani na mto unaopanda mlima, na kwa kuwa nchi isiyo na dini aliiona pungufu, akaipa dini pia. Huko Mungu haombwi kitu, alishachoka kuombwa, ila mwezi unapoandama kila mtu huvua viatu, huacha cheo chake nyumbani, na kabla ya kula huenda kusimama mlangoni kwa aliyemkosea na kulitaja kosa lake, basi, bila kujitetea. Watoto hawakuwa na mwezi wa pili, wakaona mmoja utatosha.

Jumatatu tarehe 14 Aprili 1975, alfajiri, mkuu wa shule alifungua mlango wake akiwa na mswaki mdomoni, akakuta watoto thelathini na saba, miguu mitupu, wanamtajia mmoja baada ya mwingine mapapai yake waliyoiba, naye akadhani ni maandamano, na tusimlaumu sana, kundi linalosema ukweli mbele ya nyumba ya mkubwa halikuwa jambo la kawaida.

Mwalimu aliitwa kwa wakubwa. “Iko wapi hiyo inchi?” wakamuuliza. “Haiko, chef, nilibuni.” “Kama haiko, juu ya nini batoto banavua viatu?” Akaandikiwa karatasi, na Ijumaa tarehe 18 akaisoma mbele ya darasa, kwamba Sumbelo ni uongo na dini yake haina thamani yoyote. Ndipo Florentine, wakati ule msichana wa miaka kumi na mmoja, leo mshonaji mnayemjua, akainuka na kusema: “Maître, dada yangu alishanisamehe. Bon, nimurudilie nimuambie aache?” Darasa likacheka, mwalimu hakucheka.

Jumapili zote zilizofuata alikwenda misa, hilo katekista analijua, lakini Jumanne tarehe 13 Mei, mwezi ulipoandama tena, mwalimu huyo wa miaka arobaini na mitatu alivuka Mangobo peku, wamama waliokwenda sokoni wakimpigia kelele, “Maître, bameiba viatu?”, akasimama mlangoni kwa baba yake Florentine, akaomba mtoto aitwe, akamwambia, “Nilisema haina thamani. Nilidanganya,” akarudi kunywa chai yake.

Ugonjwa wa sukari ulimshika mwaka 1979, akalazwa hospitali tarehe 2 Julai mwaka huu, na tarehe 8 katekista Hubert mwenyewe alimleta padri, mgonjwa akaungama na kupakwa mafuta akili yake ikiwa timamu, na Hubert alipomwomba aikane Sumbelo ili mambo yawe safi, alijibu mbele ya mkewe: “Nilishaikana, Hubert. Ile karatasi ndiyo dhambi niliungama leo.” Alifariki jana Ijumaa, saa nne asubuhi.

Basi jibu ni hili: amekufa Mkatoliki, na dini aliyoibuni hakuiacha, na familia haitakata mtu vipande ili aenee kwenye daftari la parokia. Mama Berthe ametuma tuyasome maneno yake yalivyo: “Bwana yangu anaenda karibu na mutoto wake. Hubert akitaka aje, asipotaka, sala naijua.”

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, majirani waliopika na kukesha, walimu wenzake, wanafunzi wake watakaobeba jeneza, na katekista Hubert, ambaye sasa ametangulia mlangoni na msalaba mkononi, akimngoja Mama Berthe ajifunge kanga.

Pumzika, Évariste, amani iwe yako.