Mama Kodi na Kurasa Tatu za Daktari

Ndugu waombolezaji, kazi ya kusoma historia hii familia imemtwika shemeji mdogo wa marehemu, yule yule aliyetaniana naye kwa miaka thelathini na tatu, nanyi mtamvumilia, maana leo utani umemwishia mdomoni.

Mpendwa wetu alizaliwa tarehe 14 Machi 1966, nyuma ya karakana ya baba yake seremala, akiwa mtoto wa nne kati ya saba, akasoma shule ya msingi ng'ambo ya reli kuanzia 1974 hadi 1980, kisha sekondari ya wasichana hadi 1984, ambako alisifika kwa mwandiko mzuri na kwa kuwasahihisha walimu, tabia iliyompatia zawadi mbili na adhabu zisizohesabika.

Tarehe 2 Februari 1987 aliajiriwa katika chumba cha mafaili cha hospitali, na mwaka 2003 akahamishiwa dawati la bima, kazi yake ikiwa kusoma maelezo ya daktari na kuipa kila tiba msimbo wake, yaani namba inayotambuliwa na bima. Wenzake waliziita namba hizo kodi, naye siku ya kwanza akarudi nyumbani akitangaza kwa furaha kwamba sasa anashughulika na kodi, basi mwenye duka la jirani akafunga duka siku mbili, na mpangaji wa chumba cha uani akaanza kumwamkia mara tatu kwa siku. Jina la Mama Kodi alilikataa wiki moja, akaliitikia miaka ishirini na moja.

Ugomvi wake mkubwa kazini ulikuwa na daktari wa upasuaji, na ulihusu utumbo ulioshikana, pale makovu ya ndani yanapoubandika utumbo kwenye ukuta wa tumbo, ikabidi uachanishwe taratibu kwa mkasi. Kitabu cha misimbo huihesabu kazi hiyo kuwa sehemu tu ya upasuaji mkuu, isipokuwa daktari aeleze ilikuwa nzito kiasi gani na ilichukua muda gani, na daktari wetu, mikono ya dhahabu lakini mvivu wa kalamu, aliandika mistari miwili tu, akaenda zake. Mama Kodi alipanda ngazi, faili kwapani, akamwambia kwamba yeye hawezi kuipa namba kazi asiyoisoma, naye daktari akanung'unika kuwa hata mkewe hamhoji hivyo, na inasemekana siku nyingine alijificha chumba cha kubadilishia nguo.

Tarehe 15 Desemba 1990 alifunga ndoa na kaka yetu, fundi redio, wakajaliwa watoto watatu, wavulana wawili na binti wa mwisho, ambaye ni mwalimu.

Mwaka 1996 marehemu alipasuliwa kidole tumbo, na makovu ya siku ile ndiyo yaliyoanza kumsokota tangu 2019, akitudanganya kuwa ni gesi tu, jamani, mpaka tarehe 28 Mei 2024 utumbo ulipoziba kabisa. Binti yake ndiye aliyetia saini fomu ya upasuaji, na daktari yule yule ndiye aliyeshika mkasi. Marehemu alizinduka, akakaa nasi siku nne akiongea vizuri, kisha maambukizi yakaingia kwenye damu, na tarehe 5 Juni, saa nne asubuhi, akatutoka.

Tangu hapo binti hakutia kitu mdomoni, akiuliza swali moja tu, kama mama yake alihangaikiwa kweli au saini yake ilimpeleka kufa. Juzi daktari alikuja msibani, akampa nakala ya maelezo ya upasuaji, kurasa tatu za kazi iliyochukua muda wa saa tano na dakika ishirini, kila mkunjo wa utumbo ulivyonasa na ulivyonasuliwa, hata pale mikono ilipomfa ganzi akapumzika kidogo, akaendelea. Mwishoni aliandika, "Mama Kodi, ukiamka usiniambie sijaandika." Marehemu aliisoma nakala hiyo kitandani zile siku nne, na chini yake, kwa penseli, kwa mwandiko ambao sote tunaujua, kuna neno moja, "Hatimaye."

Binti alicheka, akalia sana, kisha akaomba chai.

Familia inamshukuru daktari huyo, wauguzi waliomgeuza marehemu kitandani na kumfuta jasho, majirani waliopika na kulala nasi sakafuni, mwenye duka, ambaye safari hii alifunga duka kwa ajili ya kuja kumlilia, na wafanyakazi wenzake wa dawati la bima, waliotuletea miwani yake na penseli yake.

Shemeji, kama tumekosea tarehe utatusamehe, ila tumejitahidi kuandika yote. Pumzika sasa, Mama Kodi, pumzika kwa amani.