Hakuna Kukaa Mpaka Niseme

Sikilizeni wanangu, na wewe Birame zima hiyo simu, maana pumzi niliyobaki nayo haitoshi kurudia neno mara mbili. Adhana ya adhuhuri bado, jua halijafika utosini, nami nataka niwe nimemaliza kabla uwanja haujaanza kulia.

Nyumba hii ni yenu nyote wawili, igawanyeni kama Kitabu kinavyogawa, wala msigombee vyungu vya bibi yenu mbele ya watu wa mji huu wa Rufisque, wanaokuja kuzika huku wakihesabu masufuria. Lakini uwanja wa mpira wa kikapu ulio nyuma ya ukuta si wenu. Birame, najua umemleta mjenzi wa maghorofa akapima kwa kamba, na alipofika chini ya kikapu cha upande wa bahari akakunja kamba yake akaondoka bila kuaga. Usimcheke. Sheria inaniachia thuluthi nimpe nimtakaye asiye mrithi, na uwanja haufiki thuluthi. Nampa Mama Oulimata Ndoye, jirani yetu, na sababu yake ndiyo iliyonizuia kufa tangu jana.

Nilikuwa msichana mrefu kuliko mlango. Wauza samaki wenzake mama walikuwa wakinicheka, "Maguette, hebu tuanikie samaki juu ya bati, wewe huhitaji ngazi," na mpira wa kikapu ndio ulioufanya urefu wangu uache kuwa mzaha. Ukanipeleka Ufaransa, misimu kumi na mmoja ya mshahara na baridi, chini ya kocha mwenye sheria moja: hakuna kukaa mpaka niseme. Goti lilipovimba kama papai nilimwomba nikae, hakusema; likakatika mbele ya watu, na kabla sijatoka hospitali jezi yangu ilikuwa mgongoni mwa mwingine. Niliapa kumchukia mpaka kaburini. Sasa niambieni, nyinyi mliosoma: mtu anayemlaani mwizi huku amevaa alichoiba, tumwiteje? Kwa maana niliporudi nyumbani nikafanywa kocha wa wasichana wa mtaa, sheria ile ndiyo mzigo wa kwanza nilioufungua.

Wazee wetu wa Kilebu, wavuvi wa pwani hii, hawakanyagi mahali pa wazi jua linapokuwa utosini, kwa kuwa saa ile ina wenyewe wasioonekana. Mimi nikasema nimeiona dunia, nikapanga mazoezi saa sita mchana. Ndella, binti wa Mama Oulimata, jezi namba nane, miaka kumi na tisa, ndiye aliyeichezesha timu, na mdomo wake ulikuwa mwepesi kuliko miguu. Siku ile alisema, "Kocha, hata mbuzi wamekwenda kivulini. Au sisi tulizaliwa bila mama?" Wenzake wakacheka, na mimi nikacheka moyoni. Mzunguko wa nne akashika kiuno, akaniambia taratibu, "Shangazi Maguette, nikae kidogo." Hakuniita Kocha. Nikamjibu, hakuna kukaa mpaka niseme. Akadunda mpira mara tatu, akautuliza mkononi, kama ilivyokuwa desturi yake, akaenda mpaka chini ya kikapu cha upande wa bahari, na hapo akaanguka bila kutanguliza mikono.

Njia ya mwongo ni fupi, husemwa, lakini yangu imekwenda miaka thelathini na mmoja. Nilimwambia mama yake kwamba binti alificha ugonjwa ili asiachwe benchi. Akanitazama, akasema, "Ndella hajawahi kunificha hata jino linalouma." Kisha akaamini, kwa sababu aliyesema ni mimi, na tangu hapo kila Ijumaa huja na kibuyu cha maziwa ya mgando, akayamimina chini ya nguzo ile, akimwomba mtoto msamaha kwa kutouona ugonjwa ambao haukuwapo.

Arobaini yake ilipopita, saa sita mchana, nikasikia mpira. Mara tatu, kimya. Mara tatu, kimya. Nikachungulia dirisha hili: uwanja mtupu, saruji inameremeta, wavu wa kikapu unatikisika na upepo hakuna, na mbuzi waliolala kando ya ukuta wamegeuza vichwa wote pamoja, wakifuata kitu kinachokwenda na kurudi. Mtu mwenye haya angetoka akasema neno moja tu. Mimi nilisikiliza. Nikagundua kwamba mpira ukielemea kushoto, wapinzani wetu wa Jumapili watakuja kwa kushoto. Nikawapanga walinzi wangu kushoto. Magazeti yakaniita kocha mwenye macho mgongoni, na yale mataji matano kabatini, wanangu, yameletwa na mtoto niliyemkatalia kukaa akiwa hai, nikaendelea kumkatalia akiwa maiti. Msinitetee. Watakuja wengi kunitetea kwa hotuba, na nyinyi mtawaangalia mkijua.

Na wewe Soukeyna uliyerithi filimbi yangu ya ukocha, Jumanne nilijifanya nimelala, nikakuona dirishani na daftari, unaandika mpira unakoelemea. Nilipokuuliza ulisema, "Mama, hii fainali moja tu, kisha tumwache." Moja tu! Hiyo ndiyo niliyoisema mimi miaka yote. Lichome daftari leo. Keshokutwa shindeni au shindweni kwa miguu yenu wenyewe, na msichana akikuomba akae, akae, wala usimuulize anaumwa nini.

Mkiniosha, goti la kushoto msilikunje kwa nguvu. Jezi namba nane iko chini ya mto wangu, mpeni Mama Oulimata. Nendeni mkamwite, nataka nimwambie kwa kinywa changu...

Nani huyo mlangoni?

Mama Oulimata. Na kibuyu chako. Ijumaa leo, nilisahau. Upo hapo tangu lini, dada yangu? Basi... basi umesikia. Usiseme umenisamehe. Mtoto wako hakukuficha kitu. Hukukosa kuona. Ni mimi niliyemkatalia kukaa. Baki hapo hapo, usiondoke.

Soukeyna, nishike mgongo, niinue. Mnasikia? Mara tatu. Kimya. Birame, usikimbilie dirishani, hayuko huko. Leo yuko upande huu wa ukuta. Yuko barazani.

Ndella. Mwanangu. Kaa.

...

Mpira umenyamaza. Mnasikia ulivyonyamaza?

Mungu awape kivuli, wanangu, popote jua litakapowakuta. Awape mtu wa kuwaambia pumzikeni, na masikio ya... ya kusikia mwenzenu anapochoka. Pendaneni. Mlango wa uwanja... uacheni wazi.

Nani amekaa hapa kitandani, miguuni pangu? Soukeyna, wewe uko mgongoni. Birame yuko pale. Godoro limebonyea. Msimsogeze. Anahema, sikilizeni anavyohema.

Mama Oulimata, usiyamwage maziwa. Lete kibuyu huku. Mtoto ana kiu.