Kipengele cha Nne cha Maate na Kabugho

Benchi letu liko mbele ya cherehani yangu hapa Bwera, kando ya barabara ya Mpondwe, na kahawa yetu anaipika Kabugho. Mteja wake wa kwanza kila siku ni Maate, mumewe waliyeachana naye mwaka juzi. Jioni ninayoisimulia, Maate alikuwa apande gari kesho yake kwenda Kasese kumwomba jaji aupitie upya uamuzi wa hakimu, aliyesema mkataba wao wa kuachana ni halali. Waliuandika mbele ya wazee wa ukoo: nyumba ya Kabugho, shamba la Maate, na kipengele cha nne kinamkataza Maate kukanyaga uani kwa Kabugho. Basi kila jioni humbebea jiko hadi getini kwake, hatua chache kutoka benchi, analiweka chini, anarudi. Mwanaume mzima! Namhurumia, lakini nacheka.

Zedekia ndiye aliyeanza. Aliwahi kufagia mahakama miezi mitatu, akatoka na jina la Wakili.

Wakili: Maate, kesho utashindwa mapema. Jaji iko nauliza kitu moja tu: ulisaini ama hapana?

Maate: Nilisaini na hasira.

Akadakia Byamukama, mstaafu wa kambini, Afande wetu.

Afande: Hasira si sababu! Mimi nilisaini jeshi na hasira. Miaka ishirini, hakuna mutu alinirudisha nyumbani.

Kabugho: Sukari, Afande?

Afande: Mbili. Haraka!

Wakili: Ngoja kwanza. Siku ya kusaini, mulichinja mbuzi?

Maate: Tulichinja. Wazee walikataa kuweka kidole na njaa.

Wakili: Nani alileta mbuzi?

Maate: Mimi.

Wakili: Nani alipika?

Maate: Huyu huyu Kabugho.

Wakili alisimama, kahawa ikammwagikia suruali niliyomshonea juzi.

Wakili: Kesi imekwisha! Mwanaume analeta mbuzi, mwanamuke anapika, ukoo mbili zinakula. Hiyo ni kuachana? Hiyo ni ndoa! Nyinyi mulioana mara ya pili!

Afande: Mara ya pili na bibi ileile? Hiyo ni makosa. Wote wawili selo!

Wakili: Tena mbuzi ni ushahidi. Jaji akifuta mkataba, mbuzi lazima irudi. Kila mutu alikula ataitwa Kasese.

Afande: Mimi nilikula mguu tu.

Alisema kwa sauti ndogo ambayo sijawahi kuisikia kwake. Mimi nilikula ini, nikainamia cherehani yangu.

Mwisho wa benchi alikaa mgeni, Hilaire, aliyevuka mpaka kutoka Kasindi, akingoja gari. Sasa akamgeukia Maate.

Hilaire: Pardon, baba. Miye niko mugeni. Juge akipasula ile karatasi, utarudia kwa bibi yako?

Maate alimtazama Kabugho. Mwaka mzima tumemtetea na kumhukumu, na hakuna hata mmoja aliyemwuliza anataka nini. Niliona haya.

Kabugho aliinamisha birika. Halikutoa hata tone.

Kabugho: Kahawa imeisha.

Akakusanya vikombe, akatangulia. Maate akabeba jiko kama kawaida, akafika getini, akainama aliweke chini.

Kabugho: Leo fikisha ndani.

Afande: Kipengele cha nne!

Kabugho: Jaji iko Kasese, Afande. Jiko iko hapa, na iko moto.

Maate aligeuka akatutazama. Kisha akavua gambuti zake za mpira zenye matope ya shamba, akazipanga vizuri nje ya geti, akalibeba jiko akaingia.

Asubuhi gari la Kasese lilisimama mbele ya benchi, likapiga honi mara tatu. Gambuti bado zilikuwa pale pale.